Pakiti ya Themanini na Nne

New Hope, Minnesota
Jumanne, 10 Juni 2025
(Mfungo Tatu, siku ya kumi na nne)

Mpendwa ndugu yangu Fatimah,

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Natumai barua hii itakukuta goti limepunguza uvimbe, na sukari yako inasoma vizuri asubuhi kabla ya chai. Nakuuliza kwa maandishi kwa sababu kwenye simu kila ugonjwa wako huujibu "alhamdulillah" na kunyamaza, nami sina kipimo cha kupimia alhamdulillah. Niandikie nambari.

Mimi sijambo. Mwezi wa Aprili walinitoa mtoto wa jicho, jicho la kushoto, na la kulia linangoja Septemba. Tangu hapo nimegundua kwamba ukuta wa jikoni kwetu, ambao miaka sita nimeujua kuwa wa rangi ya maziwa, kumbe ni wa manjano. Mwanangu Abdulhalim aliponisikia nikisema hivyo alicheka hadi akakaa chini. Basi usicheke wewe pia ukiona herufi hizi kubwa kubwa. Naandika kwa jicho moja.

Nimeona niandike, nisikutumie sauti, kwa sababu ninayotaka kukwambia sitaki yakatike katikati kwa mtandao, wala sitaki uyasikie huku watu wamekuzunguka. Utaisomea ndani, mlango umeufunga.

Mwezi wa Shaabani wewe uliniuliza swali moja, nami nikalinyamazia Ramadhani nzima na miezi iliyofuata. Uliuliza: tumsomee ndugu yetu Fahim hitima kama marehemu, au tuendelee kumngoja? Ulisema Ustadh amekwambia kwamba baada ya miaka thelathini na sita hakuna lawama, ila neno la mwisho ni langu kwa kuwa mimi ndiye mkubwa. Tena ulisema, kwa sauti ya chini kidogo, kwamba umechoka kumpakulia mtu asiyekula. Jibu ninalo sasa. Nivumilie nianze mbali, maana lilinijia ndani ya pakiti ya krispi.

Mjukuu wetu Swafiya amemaliza skuli. Hapa mtoto akimaliza, wazazi hufungua gereji na ua wa nyuma, watu wakawa wanaingia na kutoka mchana kutwa, wanampongeza, wanakula wamesimama, wanakwenda zao. Tulichagua Jumamosi, siku ya pili ya Idd, ili furaha mbili zilale kitanda kimoja. Ruqayya, mkamwana wangu, alitaka kupika biriani. Mtoto akakataa.

"Biriani haitembei, Mama," alisema.

"Na mgeni akitembea anakwenda wapi? Aketi ale."

"Hakuna viti themanini."

"Tutaazima msikitini."

"Mama, wenzangu watataka kula huku wanarusha mpira. Babu, mwambie."

Nilimwambia Ruqayya kwamba mwenye shughuli ni mtoto, na Abdulhalim, ambaye mambo yakichacha hukumbuka gari lake ni chafu, alikuwa keshatoka na ndoo ya maji. Ndivyo tulivyoingia katika kupika kitu wanachokiita taco ya kutembea.

Taco yenyewe asili yake ni Meksiko: kimkate chembamba cha mahindi kilichokunjwa, ndani yake nyama na mboga. Hii ya huku imeacha mkate, ikachukua pakiti ndogo ya krispi za mahindi, zile za kula mtu mmoja. Unaiponda kidogo kwa kiganja, taratibu, krispi zivunjike zisiwe unga. Unachukua mkasi, unaikata pakiti ubavuni, si mdomoni, ifunguke kama mtumbwi. Unamimina upawa mmoja wa nyama ya kusaga ya moto, juu yake saladi iliyokatwa nyembamba, nyanya, kitunguu, jibini, maziwa mazito na pilipili kwa anayeitaka. Mtu anapewa uma na kwenda zake. Hakuna sahani ya kuosha. Siri yake ni moja tu: usimimine nyama mpaka mlaji yuko mbele yako, kwani dakika kumi zikipita krispi hulainika, na kilichokuwa chakula huwa uji.

Nyama niliipika mimi, nyama ya Idd, ratili ishirini na mbili. Niliitia bizari nzima niliyoikaanga mwenyewe, kitunguu thomu, na ndimu mwishoni. Vijana wa Kimarekani walikuja kuomba tena na tena. Mmoja aliniuliza kama nimewahi kuishi Meksiko. Nilimwambia nimewahi kuishi Kuze, Mombasa, akatikisa kichwa kana kwamba anaijua.

Sasa nifike kwenye majina. Unajua nilifanya kazi miaka ishirini na miwili katika jiko la hospitali moja Saint Paul, hadi mwaka 2020. Sidhani niliwahi kukueleza kazi yenyewe. Tulisimama kwenye mkanda unaotembea, kila sinia likipita na karatasi yenye jina la mgonjwa, na chini ya jina yale asiyoruhusiwa: huyu hali chumvi, huyu hali maziwa. Mimi nilikuwa mtu wa mwisho, wa kusoma karatasi, kulinganisha na sinia na kufunika sahani. Karatasi zilichapwa alfajiri. Kwa hiyo ilitokea mgonjwa akafariki saa nne, na sinia lake la saa sita likapanda kama kawaida, na jina lake. Sheria ya jikoni ilikuwa kwamba karatasi ikishachapwa, sinia linapanda. Wa kusema hayupo ni watu wa juu, wodini, si sisi. Saa nane masinia hayo yaliteremka na vyombo vichafu, hayajaguswa, mfuniko uko vilevile nilivyouweka. Mwenzangu Mama Donatille, Mkongomani wa Bukavu, alikuwa akipiga ishara ya msalaba kabla ya kuyamwaga. Mimi nilisoma Fatiha bila kuuliza marehemu alikuwa wa dini gani.

Basi mkono uliozoea hauachi. Swafiya alinipa orodha ya wageni themanini na watatu, wengine hawali jibini, wengine hawawezi pilipili, na mimi nikakaa gerejini Ijumaa baada ya swala ya Idd na kalamu nene nyeusi, nikaandika jina la kila mtu kwenye pakiti yake, na alama ndogo chini ya jina. Nilizipanga wima katika makasha mawili. Nilifurahi, nakwambia kweli. Tangu nistaafu sijapata kazi iliyonyooka namna ile.

Jumamosi ua ulijaa kabla ya saa saba. Swafiya alisimama mezani na joho lake la skuli, akichukua pakiti moja moja na kuita jina, mimi nikikata, Ruqayya akimimina. Mama Donatille alikuja na binti zake wawili kutoka Burnsville, amevaa kitenge kipya, akasimama mbele ya meza mikono kiunoni na Kiswahili chake cha Bukavu, ambacho mzee ni vieux, ndiyo ni njo na watu ni batu.

"Vieux Salmin, njo nini hii? Bageni batakula mu sachet kama batoto?"

"Onja kwanza, Mama Donatille."

"Miaka yote ulikuwa unafunika sahani ya batu. Leo sahani iko wapi?"

"Nimestaafu na sahani zangu."

Alikula mbili. Ya pili ilikuwa ya mume wa Goretti, binti yake mkubwa, na yule mkwe maskini akala mkate.

Mara Swafiya akachukua pakiti moja, akaiangalia, akaita: "Fahim."

Hakuna aliyejibu. Akaita tena, kwa sauti ya juu, kuelekea kwa vijana wa mpira. "Fahim! Nani Fahim?"

Fatimah, nilichukua ile pakiti nikaitazama kwa jicho langu jipya. Ni mwandiko wangu. Ile F yangu yenye mkia, ambayo mwalimu wetu aliichukia. Chini ya jina nimeweka alama ya pilipili, mbili, kwa kuwa Fahim hakula kitu bila pilipili. Kwenye orodha ya Swafiya hakuna Fahim. Nimeitazama mara tatu tangu siku ile, ninayo hapa mezani. Wala sikumbuki kuliandika.

Naweza kujieleza hivi: kukata pakiti ubavuni ni mtindo wake. Wewe ulikuwa na miaka kumi na mitano, labda unakumbuka. Alikuwa akinunua krispi za muhogo, anaipasua pakiti ubavuni kwa meno na kumimina ukwaju humo humo, na Mama akimgombeza kwa kuchafua kanzu. Mikato themanini na mitatu ya ubavuni niliyoijaribu kichwani nikiandika, huenda ndiyo iliyouongoza mkono wangu. Ni maelezo mazuri, na hayanisaidii usiku wala mchana.

Lakini pakiti si jambo lenyewe. Jambo lenyewe ni lile lililofuata. Mtoto aliniuliza, "Babu, Fahim ni nani? Yuko wapi?" nami nikajisikia nikimjibu, kwa sauti ambayo haikuwa yangu, sauti ya Mama kabisa, na Kimvita chake kile kile: "Yuaja."

Mtoto wa huku, Kiswahili chake ni cha kusikia zaidi kuliko kusema, lakini neno hilo amelielewa. Amelielewa kuliko sisi. Babu amesema mgeni yuaja, basi mgeni yuko njiani, labda anaegesha gari. Akachukua mkasi, akamkatia Fahim pakiti yake, akammiminia nyama, akatia pilipili mara mbili kama nilivyoandika. Halafu, kwa kuwa palikuwa na nzi, akachukua bakuli akalifudikiza juu yake.

Hakuna mtu aliyemfundisha. Swafiya amezaliwa huku, baba yake siku ile alikuwa mtoto mdogo, na mimi katika nyumba hii sijawahi kusimulia habari ya kawa la Mama, kile kifuniko cha ukindu, wala ya bakuli chini yake. Nilimwona mjukuu wangu, na joho la bluu, gerejini New Hope, akifunika chakula cha Fahim kwa mkono wa kushoto, kama ufunikavyo wewe.

Na kuanzia hapo alimngoja. Hilo ndilo sikuliweza. Kila mwanamume aliyeingia getini amechelewa alimwendea mbio na kumuuliza kwa Kiingereza kama yeye ndiye Fahim. Alimuuliza mwalimu wake wa kemia. Alimuuliza mzee Elisée wa ghorofa za ng'ambo ya barabara, ambaye amemjua tangu akiwa mdogo, kwa kuwa alikuwa amevaa kofia na hakumtambua kwa mbali. Wote walisema hapana, samahani. Kila mara alirudi akanitazama, na mimi, mtu mzima wa miaka sabini, nilishindwa kumwambia aache. Saa tatu nzima. Nilikuwa namtazama mtoto akifanya kwa mchana mmoja kile alichokifanya Mama kwa miaka kumi na tisa, na ambacho wewe umekifanya kumi na saba baada yake.

Watu walipopungua, Mama Donatille alikaa karibu nami kwenye kiti cha turubai. Alikuwa ameona yote. Yeye alisoma zile karatasi pamoja nami miaka mingi, anajua sinia la mtu asiyekuwepo likoje.

"Hii Fahim njo nani?"

Nikamwambia: ndugu yangu, alitoka nyumbani mwaka 1989 hakurudi.

Alikunja uma wake wa plastiki ndani ya karatasi. "Baba ya hawa batoto, sisi tulizika shati," alisema. "Mwili haikupatikana. Pasteri alisema leteni nguo yake, tukaleta shati ya mistari, tukazika. Mbele ya pale nilikuwa napika ya batu tano, tuko bane. Kiisha kuzika nikapika ya bane." Kisha akaniuliza kitu ambacho wewe hujaniuliza, wala Mama, wala yeyote: "Siku ile alitoka kwenda wapi?"

Fatimah, unajua alikwenda wapi. Alichukua stovu ya Mama, ile ya kupampu, akaipeleka kwa fundi kule Mwembe Tayari, Alhamisi asubuhi. Mchana tukala bila yeye, na Mama akasema, "Mpakulieni Fahim, yuaja," na wewe ndiye uliyechukua bakuli na kulifunika kawa. Baada ya siku nne Mama alikwenda kwa fundi akaikuta stovu rafuni, imetengenezwa, inawaka vizuri. Fahim aliiacha, akasema atapita kuichukua baada ya adhuhuri. Hayo yote unayajua, na siku zote umeambiwa kwamba aliomba mwenyewe kwenda, kwa kuwa hakupenda kukaa ndani.

Hakuomba. Mama alinituma mimi. Alisimama mlangoni na ile stovu imefungwa kwenye kanga kuukuu, akasema, "Salmin, ipeleke kwa fundi, jioni kuna wageni." Nilikuwa nimelala kitandani nasoma. Nilikuwa nimebakisha kurasa kumi na mbili. Nikasema, "Fahim aende, mie nina kazi." Na Fahim, aliyekuwa anavaa viatu vya kwenda mahali pengine, sijui wapi, akacheka, akasema, "Mwache bwana Salmin na kazi yake," akaichukua.

Mama hakulitaja neno hilo hata mara moja, mpaka akafa. Aliwaambia watu kwamba Fahim aliomba, na mimi nikamwacha aseme. Nilidhani ananisitiri. Huku, miaka hii, nimeanza kuona kwamba labda alikuwa anangoja niseme mwenyewe, kama alivyokuwa anamngoja yeye arudi, na akaondoka hakupata hata moja. Kitabu kile nilikihifadhi. Kimevuka nami hadi hapa. Zile kurasa kumi na mbili sijazisoma.

Sasa unaelewa kwa nini sikukujibu. Maadamu Fahim "yuaja", basi mimi nimemtuma tu kwa fundi, na mtu aliyetumwa kwa fundi hurudi. Siku tutakapomsomea hitima, nitakuwa nimemtuma mahali pengine. Nilikuacha wewe uendelee kupakua, Fatimah, kwa miaka kumi na saba, ili mimi nisilisikie hilo. Nilikuona kwenye simu ukifunika lile bakuli, na nikakuuliza habari za mvua.

Nilimweleza Mama Donatille yote haya, wewe ukiwa wa pili. Nisamehe na kwa hilo. Aliangalia mezani, kwenye lile bakuli. "Sinia ya mutu haiko, sisi tulikuwa tunangoja juu baseme," alisema. "Hapa juu ni nani? Ni weye."

Nikainuka. Nilimwita Swafiya, aliyekuwa bado anaangalia getini, nikamwambia asimngoje tena. Nikamwambia Fahim ni ndugu wa babu yake, hakualikwa, hakukosea njia, na hatakuja. Aliniuliza, kwa Kiswahili safari hii, "Sasa chakula chake?" Nikalifunua bakuli. Krispi zilikuwa zimelainika kabisa, nyama imeganda mafuta. Nikachukua uma nikaila, yote, nimesimama, na pilipili zake mbili ambazo tumbo langu halizitaki tena. Mtoto alisimama nami mpaka nikamaliza. Pakiti nimeiosha, ndiyo hii hapa mezani.

Basi jibu langu ni hili. Msomeeni Fahim hitima. Fanyeni Alhamisi, nyumbani kwa Mama, si msikitini. Walimu wakishaondoka, chukua lile bakuli, ulipakue kwa mara ya mwisho, na ule wewe. Usimpe jirani, usimpe paka. Kawa usilitupe, ni kazi ya mkono wa Mama, lifunikie mikate.

Na kabla hawajaanza kusoma, nakuomba uwaambie waliohudhuria, ndugu wote, hayo niliyokuandikia ya kitanda na kitabu. Kama hutaweza kunisamehe, nitaelewa, na usiharakishe kunijibu. Mimi nimekuweka miezi minne kwa swali moja, na kabla yake miaka.

Nisalimie Bi Swafiya somo ya mtoto wetu, umwambie jina lake limefaulu skuli. Msalimie Ami na macho yake, umhimize akubali kufanyiwa kama mimi. Mwambie Dinah, jirani yako, kwamba ile achari ya maembe ilifika salama, chupa moja tu ndiyo iliyovuja. Abdulhalim, Ruqayya na Swafiya wanakubusu mkono. Mungu akuweke, akupe usingizi mzuri, na siku ukipika, upike kwa hesabu ya waliopo.

Mama alitufundisha kusema yuaja. Mimi na wewe tujifunze kusema alikwenda, na mimi niongeze: nilimtuma mimi.

Wako akupendaye, aliyechelewa kusema,

Kaka yako Salmin